Historia ya Uvuvi wa Chilika: Maraja, Minada na Mahakama

Chilika ni ziwa la pwani katika jimbo la Odisha, mashariki ya India, ambako maji ya mito huchanganyika na maji ya Ghuba ya Bengal. Wakati wa kiangazi lina ukubwa wa kilomita za mraba 900 hivi. Mvua zikinyesha hukaribia 1,165. Samaki, kaa na kambamiti wake hulisha vijiji zaidi ya mia moja vya wavuvi. Kwa desturi kila jamii ilikuwa na sehemu yake ya maji na chombo chake: Wakeuta walitumia nyavu, Watiara mitego ya mianzi, na Wanolia walivua karibu na mlango wa bahari.

Haki ya kuvua haikuwa ya bure. Chini ya utawala wa Waingereza, ziwa liligawanywa katika maeneo ya uvuvi yaliyohesabiwa kuwa mali ya serikali au ya wamiliki wakubwa wa ardhi, miongoni mwao Raja wa Parikud na Raja wa Khallikote. Wavuvi walilipa kodi ili waruhusiwe kuvua, na kwa kawaida maeneo yaleyale yalibaki mikononi mwa vijiji vilevile.

Mpango huo ulivunjika baada ya Orissa, kama jimbo lilivyoitwa wakati huo, kutunga sheria ya mwaka 1951 ya kufuta milki za wamiliki hao. Milki ya Parikud iliingia mikononi mwa serikali mwezi Septemba 1953, na maofisa wa mapato wakaanza kutoa maeneo ya uvuvi kwa mnada. Hapo ndipo kesi kubwa ya kwanza ilipozaliwa. Wavuvi kadhaa walikuwa wamekwisha kumlipa Raja fedha nyingi kwa haki ya kuvua katika miaka iliyokuwa bado haijafika. Serikali ilikataa kuwatambua, ikataka kuyanadi maeneo hayo upya. Wakaenda Mahakama ya Juu ya India katika shauri la Ananda Behera dhidi ya Jimbo la Orissa.

Hukumu ilitolewa mwaka 1955. Mahakama ilisema kwamba haki ya kuingia katika maji ya mtu mwingine, kuvua samaki na kuondoka nao, kisheria ni mali isiyohamishika. Kwa hiyo mauzo yake, thamani ikifika rupia 100, ni lazima yawe na hati iliyosajiliwa. Makubaliano ya wavuvi hao na Raja yalikuwa ya mdomo, basi hawakuwa wamepata haki yoyote ya kulindwa. Tangu siku hiyo, aliyekuwa na hati alikuwa na nguvu kuliko aliyekuwa na mazoea na maji.

Mnada wa wazi nao ulikuwa na kasoro moja kubwa: ulimtambua mwenye fedha, hata kama hakuwahi kutupa wavu. Mwaka 1959 serikali iliunda ushirika mkuu wa wavuvi, makao yake Balugaon. Ushirika huo ulikodi maeneo kutoka serikalini na kuyagawa kwa vyama vya msingi vya vijijini. Kwa karibu miongo mitatu wavuvi walikuwa na kinga dhidi ya ushindani wa matajiri, ingawa madeni na usimamizi mbovu viliuandama ushirika.

Miaka ya 1980 kambamiti walipanda bei katika soko la nje, na watu wasio wa jamii za wavuvi wakaanza kuzungushia kingo za ziwa nyua za ufugaji ziitwazo gheri. Mwaka 1991 serikali ilitoa sera mpya iliyotenga maeneo ya kuvua na maeneo ya kufuga, na ufugaji ukafunguliwa kwa wasio wavuvi. Wakati huohuo palikuwa na mradi mkubwa wa kambamiti wa ubia kati ya serikali na kampuni ya Tata. Vuguvugu la kuliokoa ziwa liliupinga mradi huo hadi ukaachwa, nayo sera ikafikishwa Mahakama Kuu ya Orissa na vyama vya ushirika, kikiwamo cha Kholamuhana. Uamuzi wa mwaka 1993 haukuifuta sera yote, lakini uliitaka serikali ilinde riziki ya wavuvi wa asili.

Pigo zito kwa gheri lilikuja tarehe 11 Desemba 1996. Katika shauri la S. Jagannath dhidi ya Serikali ya India, Mahakama ya Juu ilipiga marufuku ufugaji wa kambamiti ndani ya mita 1,000 kutoka maziwa ya Chilika na Pulicat, na kuamuru mabwawa yaliyokuwapo yabomolewe kabla ya mwisho wa Machi 1997. Amri haikutekelezwa ipasavyo. Mwezi Mei 1999 wavuvi walikwenda kuzibomoa gheri wenyewe, na katika kijiji cha Sorana polisi walifyatua risasi, watu wanne wakauawa.

Katika kipindi hicho ukodishaji ulikabidhiwa kwa shirikisho la ushirika wa wavuvi la jimbo, FISHFED. Mwaka 2000 mlango mpya wa bahari ulichimbwa, na mavuno yaliyokuwa yameporomoka chini ya tani 2,000 kwa mwaka yakapanda kupita tani 10,000. Maji yakazidi kugombewa. Muswada wa mwaka 2002 uliotaka kuwapa wavuvi asilimia 70 ya maeneo na wasio wavuvi asilimia 30 ulipingwa na haukuwa sheria. Vyama vingine, kwa kuelemewa na ada na mikopo, vilikodisha maeneo yao kwa siri kwa wafanyabiashara, ingawa mikataba ilikataza.

Historia hii inathibitisha kwamba katika zabuni ya maji ya umma, kanuni ya nani anaruhusiwa kushindana ina uzito kuliko bei inayotajwa. Mahakama inaweza kusoma hati na kutoa amri, lakini haiwezi kukaa ziwani kuilinda amri hiyo. Serikali inayokodisha maji ya wananchi inawajibika kuandika haki ya mvuvi kwenye hati, kumtoza ada anayoiweza, na kuziondoa nyua ambazo sheria imekwisha kuzikataza.