Nyama ya nguruwe na boga la kuoka

Nyama ya nguruwe na boga la kuoka ni mlo wa jioni unaopikwa katika sinia moja ndani ya oveni. Hupikwa zaidi nchini Marekani na Kanada katika majira ya kupukutika kwa majani, yaani kuanzia mwezi wa Septemba hadi Novemba. Nyama, vipande vya boga, vitunguu na mara nyingi matofaa hupangwa pamoja kwenye sinia pana la chuma, hupakwa mafuta na chumvi, kisha huiva kwa joto kali bila kuongezwa maji.

Baadhi ya vitabu vya shule huyaita majira hayo vuli. Jina hilo linaweza kumpotosha msomaji wa Afrika Mashariki, kwa sababu vuli anayoijua yeye ni mvua fupi za Oktoba hadi Desemba, wakati wa kupanda. Huko kaskazini ni kinyume chake: ni wakati wa kuvuna na kuweka akiba kabla ya baridi kuingia. Mlo huu ulitokana na mavuno hayo.

Kwa upande wa kuosha vyombo, hiki ni chakula rahisi kweli. Ugumu wake uko kwenye muda, kwa kuwa boga na nyama haviivi pamoja. Tena, kuiva kwa nyama ya nguruwe ni jambo la afya kabla ya kuwa jambo la ladha.

Asili

Viambato viwili vikuu vya mlo huu vinatoka pande mbili za bahari. Boga ni zao la Amerika. Mbegu za boga la spishi ya Cucurbita pepo zilizopatikana katika pango la Guilá Naquitz, jimbo la Oaxaca nchini Meksiko, zina umri wa miaka 10,000 hivi, na zinaonyesha kwamba boga lilianza kulimwa huko kabla ya mahindi na maharagwe. Baadaye mazao hayo matatu yalipandwa pamoja. Wahaudenosaunee, ambao pia huitwa Wairoki, huyaita dada watatu: mhindi ni nguzo, mharagwe hupanda juu yake na kurutubisha udongo, na majani mapana ya mboga hufunika ardhi ili magugu yasiote. Mkulima wa Mbeya au Kisii anayechanganya mazao hayo katika shamba moja anatumia maarifa yale yale, iwe alifundishwa na mtu au alijifunza shambani mwake.

Nguruwe wa kufugwa hakuwapo Amerika. Christopher Columbus aliwapeleka katika kisiwa cha Hispaniola kwenye safari yake ya pili ya mwaka 1493, na mwaka 1539 Mhispania Hernando de Soto alishuka Florida akiwa na kundi la nguruwe. Walowezi wa baadaye waliwaachia nguruwe wao msituni, wajilishe njugu za mialoni na matofaa yaliyoanguka. Wanyama hao walinona kufikia mwisho wa mavuno, wakachinjwa baridi ilipoanza, kwa sababu majokofu hayakuwapo na hewa baridi ndiyo iliyozuia nyama isioze. Maboga yenye ganda gumu nayo huvunwa kabla ya jalidi ya kwanza. Hivyo nyama mbichi, maboga na matofaa vilikuwapo nyumbani katika wiki zile zile, na haishangazi kwamba vikaishia katika chungu kimoja. Kuvioka kwenye sinia pana kulienea baadaye, oveni zenye kidhibiti joto zilipoingia katika nyumba za kawaida katika karne ya 20.

Aina za boga

Si kila boga linafaa. Linalotakiwa ni lenye nyama ngumu, tamu na isiyo na maji mengi. Linalotumiwa zaidi ni batanati, boga la rangi ya ngozi lenye shingo ndefu na kitako cha mviringo, la spishi ya Cucurbita moschata. Lilipatikana miaka ya 1940 huko Stow, jimbo la Massachusetts, kwa kazi ya Charles Leggett, na aina yake iliyoboreshwa, Waltham, ilipata tuzo ya kitaifa ya mbegu bora ya Marekani mwaka 1970. Shingo yake haina mbegu, hivyo hukatika kwa urahisi katika vipande vinavyolingana. Sifa hiyo ni muhimu kuliko inavyoonekana, kwa sababu vipande visivyolingana haviivi pamoja.

Boga lingine ni lile dogo la kijani lenye mifereji, linalofanana na njugu ya mwaloni. Aina yake ya Table Queen ililetwa sokoni mwaka 1913 na kampuni ya mbegu ya Iowa. Ganda lake ni gumu kumenya, kwa hiyo hukatwa miezi miezi na kuokwa na ganda lake. Kabocha la Kijapani ni kavu na tamu sana, na ganda lake huliwa. Boga kubwa la kawaida la sokoni Afrika Mashariki hufaa pia likiwa limekomaa vizuri, yaani ganda likikataa kupenya ukucha.

Sehemu ya nyama

Sehemu inayofaa zaidi ni sarara, mnofu mwembamba na laini unaokaa upande wa ndani wa mgongo. Kipande kimoja huwa na gramu 450 hadi 700 na huiva kwa dakika 20 hadi 25. Vipande vya mgongo vyenye mfupa, vya unene wa sentimita 2.5, vinafaa vilevile na huchukua muda mfupi zaidi.

Bega halifai, ingawa ni nafuu na lina ladha nzuri. Lina kolajeni nyingi, ambayo hulainika tu baada ya saa kadhaa katika joto la chini, hadi kiini cha nyama kipite nyuzi 90 za selsiasi. Kwa muda huo boga litakuwa limekuwa uji. Mapishi yanayosema nyama yoyote ya nguruwe inafaa hayamsaidii mpishi.

Namna ya kupika

Kwa watu wanne hutosha sarara ya gramu 600 hadi 700, boga la kilo moja kabla ya kumenywa, vitunguu maji viwili, matofaa mawili, vijiko vitatu vya mafuta, chumvi, pilipili manga, punje chache za kitunguu saumu na majani ya rosemari au seji. Nyama ikipakwa chumvi saa moja kabla, au usiku wa kuamkia siku ya kupika na kuwekwa jokofuni, chumvi hupata nafasi ya kuingia ndani na nyama hubaki na maji yake zaidi.

Oveni hupashwa moto hadi nyuzi 220, sinia likiwa ndani. Wakati huo boga hukatwa ncha zote mbili ili lisimame bila kuteleza, hugawanywa shingo na kitako, humenywa, hutolewa mbegu na kukatwa vipande vya sentimita 2.5. Boga hili limewakata vidole wengi; kisu kiwe kikali, na kisielekezwe kwenye mkono ulioshika boga. Mbegu zisitupwe, kwani zikioshwa na kukaushwa huokwa na kuliwa kama njugu.

Vipande vya boga na vitunguu huchanganywa na mafuta na chumvi, kisha humwagwa kwenye sinia la moto na kutandazwa safu moja, kila kipande kikiwa na nafasi yake. Hapa ndipo wengi hukosea. Maji huchemka kwa nyuzi 100, na uso wa kipande ukiendelea kuwa na maji hauwezi kupita joto hilo. Rangi ya hudhurungi na harufu ya kuoka hutokana na mmenyuko wa Maillard, uliopewa jina la mkemia Mfaransa Louis Camille Maillard aliyeueleza mwaka 1912, nao huenda kasi pale joto linapofika nyuzi 140 hivi. Vipande vikirundikana, mvuke wa kimoja hulowesha kingine, na boga huchemka badala ya kuokwa. Sinia likiwa dogo, ni afadhali kutumia masinia mawili na kuacha kabisa sifa ya chombo kimoja.

Baada ya dakika 15 sinia hutolewa, boga hugeuzwa, na matofaa yaliyokatwa vipande vinene huongezwa. Yakiwekwa tangu mwanzo yatapondeka. Nyama iliyopakwa mafuta, kitunguu saumu na majani ya kiungo huwekwa katikati, boga likiizunguka, na sinia hurudi ovenini kwa dakika 20 hadi 25. Wanaopenda utamu hupaka asali iliyochanganywa na haradali, au maji ya mti wa mepo yaliyochemshwa hadi yakawa mazito, lakini katika dakika 5 za mwisho tu, kwa kuwa sukari huungua upesi.

Nyama ikishaiva hutolewa na kuachwa ipumzike dakika 5 hadi 10 kabla ya kukatwa. Ikikatwa mara moja maji yake humwagika ubaoni. Boga lisilopata rangi laweza kurudi motoni katika dakika hizo.

Kuiva na usalama

Kipimajoto cha nyama ndicho chombo pekee cha kuaminika, kikichomwa hadi katikati ya mnofu. Mwaka 2011 Wizara ya Kilimo ya Marekani ilishusha kiwango chake cha nyama nzima ya nguruwe hadi nyuzi 63 za selsiasi, ikifuatiwa na mapumziko ya dakika 3 au zaidi. Nyama ya kusaga ilibaki nyuzi 71. Kwa nyuzi 63 sarara huwa na wekundu kidogo katikati na maji tele, ilhali wapishi wa zamani waliipika hadi ikawa kavu kwa hofu ya mnyoo wa Trichinella. Hofu hiyo ilikuwa na msingi, kwani nguruwe wengi walilishwa mabaki mabichi ya vyakula. Sheria ya mwaka 1980 ilitaka mabaki hayo yapikwe kwanza, na ufugaji wa ndani ukapunguza mnyoo huo sana.

Kiwango cha nyuzi 63 kinategemea basi ufugaji huo na ukaguzi wa nyama. Hakipaswi kuhamishiwa mahali ambapo nguruwe huzurura, huchinjwa nyumbani na nyama haikaguliwi. Katika sehemu nyingi za Afrika Mashariki nguruwe wa namna hiyo huweza kuwa na mabuu ya tegu, Taenia solium, yanayoonekana katika nyama kama punje nyeupe za mchele. Nyama ya aina hiyo hailiwi. Na pale ambapo hakuna cheti cha ukaguzi, nyama yote iive hadi kiini, kupita nyuzi 71, bila wekundu wowote. Vipande vikatwe vyembamba ili joto lifike ndani. Ukavu kidogo ni gharama ndogo.

Jambo moja huchanganywa mara nyingi. Anayekula nyama mbichi yenye mabuu hupata tegu tumboni. Kifafa kinachohusishwa na nguruwe hakitokani na nyama moja kwa moja, bali na mayai ya tegu yanayotoka na kinyesi cha binadamu mwenye mnyoo huo na kuingia kinywani kwa njia ya mikono, maji au mboga zisizooshwa, kisha mabuu kukaa katika ubongo. Hata mtu ambaye hajawahi kuonja nyama ya nguruwe anaweza kuugua. Shirika la Afya Duniani linasema kwamba katika maeneo mengi yenye mnyoo huu, ndio unaosababisha takriban asilimia 30 ya wagonjwa wa kifafa. Kwa hiyo choo na sabuni ni sehemu ya usalama huu sawa na moto wa jikoni.

Afrika Mashariki

Nyama ya nguruwe, iitwayo kitimoto mitaani Tanzania na akabenzi nchini Rwanda, huliwa zaidi ikiwa imekaangwa au kuchomwa, pamoja na ndizi au ugali. Waislamu na Waadventista Wasabato hawaili. Katika nyumba zao mlo huu hupikika kwa mapaja ya kuku yenye mfupa, yanayohitaji dakika 35 hadi 40 na kiini cha nyuzi 74, hivyo huingia motoni pamoja na boga tangu mwanzo.

Boga lenyewe huku huchemshwa au kupikwa kwa nazi, na majani yake ni mboga. Kuoka hulipa utamu zaidi, kwa kuwa maji hupungua na sukari hubaki. Pasipo oveni hutumika sufuria nzito yenye mfuniko bapa, kama wapishi wa keki wafanyavyo: makaa machache chini, mengi juu ya mfuniko. Sufuria ipashwe moto kwanza, boga litandazwe safu moja, na mfuniko ufunguliwe mara moja au mbili ili mvuke utoke. Muda huongezeka kwa dakika 10 hadi 15, kutegemea makaa.