Rudi Kesho

Hapa Kakuma kuna maneno mawili ambayo kila mgeni anayajua kabla hajajua njia ya kwenda sokoni: rudi kesho. Mimi na mama watoto tuliambiwa hivyo kwa miaka miwili, tukifuatilia cheti cha kuzaliwa cha binti yetu. Tulikuwa tunaamka alfajiri, tunapanga foleni, tunafika dirishani, tunarudi mikono mitupu.

Wakenya wengi bado wanaita kitambulisho "kipande", na neno hilo lina historia. Sheria ya kikoloni ya 1915, iliyoanza kutekelezwa baada ya Vita Kuu ya Kwanza, ilimlazimisha mwanamume Mwafrika kubeba karatasi yenye alama za vidole vyake. Wengi waliitundika shingoni ndani ya kikopo cha chuma. Aliyekutwa bila hiyo alishtakiwa. Harry Thuku alipinga kipande, akakamatwa Machi 1922, na watu waliokusanyika Nairobi kudai aachiliwe walipigwa risasi.

Yaani serikali ilipoitaka karatasi, mtu hakuruhusiwa kuchelewa hata siku moja. Lakini mtu alipoitaka karatasi kwa serikali, nani angeshtakiwa kwa kuchelewa? Ilikuwepo amri ya mahakama iliyorithiwa kutoka Uingereza, inaitwa mandamus, ya kumlazimisha ofisa atimize wajibu wake. Kwa mtu wa kawaida, hiyo ilikuwa habari ya mawakili tu.

Mwaka 2010 Kenya ikapata katiba mpya. Ibara ya 35, juu ya kupata habari, inasema ni haki ya kila raia. Sisi hatumo. Lakini ibara ya 47 inasema kila mtu ana haki ya kuhudumiwa na ofisi za umma kwa haraka, kwa kufuata sheria na kwa njia ya haki. Kila mtu! Na si maneno matupu: serikali ilipoamuru wakimbizi wa mijini wahamishiwe kambini, Mahakama Kuu iliifuta amri hiyo tarehe 26 Julai 2013, na ibara hiyo ya 47 ilikuwa mojawapo ya sababu. Kisha sheria ya 2015 ikaeleza wazi kwamba ofisi ikichelewa kupita kiasi bila sababu, mahakama inaweza kuingilia kati na kuiamuru itimize kazi yake.

Niliposikia haya, nilikwenda kwa msaidizi wa sheria hapa kambini nikiwa na hasira. Akaniuliza kwa upole, "Mzee, barua yako iko wapi?"

Sikuwa nayo. Miaka miwili ya foleni, na hakuna karatasi hata moja ya kuonyesha kwamba niliwahi kuomba kitu. Mbele ya sheria, nilikuwa sijaanza kusubiri.

Akanieleza kwamba safari ina hatua. Kwanza barua, nakala yako ipigwe muhuri wenye tarehe. Kimya kikizidi, malalamiko kwa mkubwa wa ofisi hiyo. Halafu kwa Ombudsman, tume iliyoundwa 2011, ambayo haitozi pesa. Mahakama ni ya mwisho, maana sheria inataka umalize kwanza njia za ofisi yenyewe. Tena Lodwar ni mbali, na kutoka kambini kunahitaji kibali.

Tuliandika barua ya nusu ukurasa. Cheti kilitoka kabla hatujafika hatua ya pili. Siwezi kuapa kwamba ni barua iliyokitoa. Jirani yangu naye aliandika, na mpaka leo anasubiri. Lakini kusubiri kwake kuna tarehe, na sasa malalamiko yake yako kwa Ombudsman.

Ndugu zetu mnaofanya kazi kwenye mashirika, mkitusindikiza dirishani, msituombee huruma. Tusaidieni tupate huo muhuri. Na wewe jirani, ukiambiwa tena rudi kesho, omba kwa adabu waiandike hiyo kesho.