Makabila ya watu wachache ndani ya inchi kubwa: Wagenya na Wangwana wa Kindu

Siku moja, mangaribi, kijana mumoja wa Mikelenge alikuja kuniona na karatasi mukononi. Alikuwa akiomba kazi, na karatasi ile ilimutaka aandike asili yake: jimbo, teritware, sekta, mugini. Baba yake alizaliwa Kindu, babu yake vilevile. Babu wa babu alikuja na misafara ya Waarabu, na nyumbani kwao hakuna tena anayejua alitoka wapi. Mama yake ni Musongola. Bibi yake alikuwa Mukusu. Wao wanajiita Wangwana. Akaniuliza: «Padri, niandike mugini gani?» Siku ile sikuwa na jibu. Maneno yanayofuata ni jibu lililochelewa.

I. Uchache si hesabu tu

Kwanza tuelewane juu ya neno. Kongo ina makabila zaidi ya 200, na hakuna hata moja linalofika nusu ya wenyeji wote. Basi, kwa hesabu, sisi sote ni wachache: Mukongo, Muluba, Mumongo, Murega, Mukusu. Lakini hatusemi hivyo. Tunaita wachache wale ambao sauti yao haisikiki pahali panapokatwa maneno. Kwa hiyo haitoshi kuuliza wako wangapi. Inatupasa kuuliza: sauti yao ilipotea lini, na kwa njia gani? Makabila mawili ya muji wetu yatatufundisha.

II. Wagenya, watu wa muto

Zamani, soko kubwa la Lualaba lilikuwa Nyangwe, upande wa juu wa muto. Watu wa bara walileta mazao ya shamba. Wagenya walileta samaki, tena wao ndio walikuwa na mitumbwi. Mwaka 1871 Livingstone alifika Nyangwe akitaka kushuka na muto ajue unakokwenda. Alitafuta mitumbwi miezi mingi, hakuipata. Mwaka 1874 Cameron alitaka vilevile, naye akakosa, akapita njia nyingine. Stanley peke yake alipita, mwaka 1876, kwa sababu Tippu Tip alimusindikiza na watu wengi wenye bunduki.

Musomaji afikiri vizuri. Wagenya hawakuwa wengi, lakini muto ulikuwa mukononi mwao. Wazungu wawili wenye sifa kubwa walizuiliwa na watu wenye mitumbwi tu. Siku zile nani angewaita wadogo?

Nyuma yake muto ulipata bwana mwingine. Mwaka 1906 njia ya reli ilitoka Stanleyville ikafika Ponthierville, ambayo leo ni Ubundu. Kutoka pale mashua ya moshi zilipanda hata Kindu. Mwaka 1911 reli ya Kindu na Kongolo ilikwisha, na Kindu ikapewa jina la Port-Empain. Mizigo haikungoja tena mutumbwi. Hakuna aliyewafukuza Wagenya, na hata leo wanavua na kuvusha watu kwenda Alunguli. Lakini inchi mupya ilipita kando yao. Hivi ndivyo kabila linavyoweza kuwa dogo bila kupungukiwa na mutoto hata mumoja.

III. Wangwana, watu wa njia

Habari ya Wangwana ni nzito zaidi, na hatuna ruhusa ya kuipamba. Waarabu na Waswahili wa Pwani waliingia Maniema kutafuta pembe na watumwa. Tarehe 15 Julai 1871 watu wao walipiga bunduki katika soko la Nyangwe, wakaua watu wengi sana, na wengi wa hao walikuwa wanawake. Wazee wetu waliwaita Matambatamba, na jina hilo halikuwa la upendo. Mwaka 1887 Leopold wa pili alimuweka Tippu Tip kuwa wali wa Stanley Falls. Kisha, tangu mwaka 1892 hata 1894, Leta ilipigana na Waarabu. Mwaka 1893 Nyangwe na Kasongo zilianguka.

Wakubwa walikufa ao walirudi Pwani. Lakini nani alibaki? Wengi sana hawakuwa Waarabu. Walikuwa watoto wa makabila yetu, waliotekwa ao waliojiunga wenyewe, waliopata dini mupya, mavazi mapya na jina mupya. Mungwana, maana yake mutu huru, asiye mutumwa. Mutu aliyeporwa kwao alichagua jina linalosema kwamba yeye si mali ya mutu. Ndani ya nyumba moja damu ya aliyeteka na damu ya aliyetekwa zimechanganyika. Nani atazitenga leo?

Kisha ikaja serkali ya Wabelgiji, yenye kupenda daftari. Amri ya mwaka 1910 ilipanga wenyeji katika usultani, kila mumoja na mipaka yake. Amri ya mwaka 1933 iliunganisha masultani wadogo katika sekta. Watu walijulikana kwa udongo wa babu zao. Sasa mutu ambaye babu yake alikuwa njia, ataandikwa wapi? Amri ya mwaka 1931 ilifanya miji ya watu walio nje ya desturi. Wangwana wengi walipata pa kukaa, lakini jina lenyewe, «nje ya desturi», liliwaacha mulangoni.

Na sisi wa Kanisa, tusijifiche. Tangu miaka ya 1925 na 1926 serkali ilisaidia shule za misioni za Kikatolika kwa feza. Shule za Waprotestanti zilingoja hata nyuma ya vita vya 1940–1945. Shule za serkali zisizo za dini zilianza mwaka 1954. Katika miaka ile yote, mutoto wa mwislamu aliyetaka kusoma Kifaransa karibu hakuwa na mulango mwingine isipokuwa wetu. Wazazi wengi waliogopa atabatizwa, wakamuzuia. Kwa hiyo, tarehe 30 Juni 1960, makarani na walimu walikuwa wengi kwetu, wachache kwao. Uchache wao, sehemu moja, ulitengenezwa shuleni.

Tena tuna deni kwao. Lugha hii ninayoandika ililetwa Maniema na misafara yao. Leo ni mumoja wa lugha nne za taifa, na kwa lugha hii mukatekista wa Kindu anafundisha Murega, Muzimba na Mugenya wanaokaa kwenye benchi moja. Hata muchele tunaokula ulienea kwetu kwa mikono yao.

IV. Tufanye nini?

Tusifikiri shida hii ni ya Afrika tu. Nyuma ya vita vya 1914–1918 Ubelgiji ilipewa Eupen, watu wenye kusema Kijerumani. Hata leo hawafiki 100,000. Lakini lugha yao ni mumoja wa lugha tatu za serkali, na wana baraza lao la kutunga sheria. Kumbe, inchi ikitaka, inaweza.

Kongo nayo imetaka, katika maandiko. Katiba ya mwaka 2006, sharti la 51, inaagiza serkali ilinde makabila madogo na kuyakuza. Mwaka 2022 sheria nyingine ilitungwa kwa haki za Wambuti na Watwa. Yohane XXIII, katika Pacem in Terris ya mwaka 1963, alifundisha pande mbili: kukandamiza watu wachache ni kosa kubwa juu ya haki, nao wachache wasijifungie, bali waungane na majirani zao.

Mafundisho hayo ni ya zamani zaidi. Katika Matendo ya Mitume, sura ya 6, wajane wa Wayunani walisahauliwa katika ugawaji wa kila siku. Mitume hawakuwaambia wavumilie. Walitaka wachaguliwe watu saba, na majina yote saba ni ya Kiyunani. Waliosahauliwa walikabiziwa meza yenyewe.

Basi, ndugu mapadri, waseminari na wakatekista, tuanze kwetu. Tutazame mabaraza ya parokia, komite za shule, orodha za watoto wanaosaidiwa: Mugenya yuko? Mujukuu wa Mungwana aliyebatizwa yuko, ao tunamuita bado mugeni? Na wazee wa kando ya muto wangali hai; twende na daftari, tuwaulize habari za babu zao mbele hawajafa.

Kijana yule aliandika «Mikelenge» mahali pa mugini. Babu yake, baba yake na yeye walizaliwa Kindu. Ningeulizwa, ningetia sahihi.