Afisa anapogeuka hakimu: Mashamba ya Kajiado na haki ya kusikizwa

MKAZI wa Ongata Rongai au Kitengela anayesubiri uamuzi wa afisa wa ardhi, wa leseni au wa ujenzi mara nyingi hana wakili ubavuni wala hakimu mbele yake. Hata hivyo, uamuzi huo waweza kumgharimu kuliko hukumu ya mahakama. Ndiyo maana Katiba ya 2010, katika kifungu cha 47, inawataka maafisa wa umma waamue kwa haraka, kwa busara na kwa utaratibu wa haki, na wamweleze kwa maandishi sababu za uamuzi yeyote ambaye haki yake imeathiriwa.

Wafugaji wa Kajiado waliujua uzito wa jambo hili zamani. Sheria ya 1968 iliunda ranchi za kikundi, kila moja ikiwa na kamati ya wawakilishi. Ulipofika wakati wa kugawa ardhi, Kitengela ikigawanywa 1988, kamati ndizo zilizoamua nani apate wapi na kiasi gani. Wanakamati nao walikuwa wanachama wenye kungoja mafungu yao.

Utafiti wa Esther Mwangi kuhusu ranchi za Enkaroni, Meto, Nentanai na Torosei, uliochapishwa 2007, ulionyesha kuwa wanakamati na matajiri wa mifugo waliambulia vipande vikubwa, na wanyonge wakabaki na vidogo. Mikutano ilifanyika na kamati zilikuwapo kisheria. Kilichokosekana ni mgawaji asiye na fungu lake katika mgao. Sheria hiyo ilifutwa 2016 na Sheria ya Ardhi ya Jamii, lakini mipaka iliyochorwa wakati huo ingali inaleta kesi.

Utaratibu wa haki una nguzo mbili. Ya kwanza ni kusikizwa, na kusikizwa si kuitwa tu. Sheria ya Haki katika Utendaji wa Kiutawala ya 2015 inadai mhusika apewe notisi mapema na aonyeshwe ushahidi utakaotumiwa, na inapofaa aruhusiwe kuwahoji mashahidi. Kenya haikungoja Katiba mpya kulitambua hilo: katika kesi ya David Onyango Oloo, Mahakama ya Rufaa ilikataa mfungwa anyang'anywe msamaha wa sehemu ya kifungo bila kusikizwa.

Nguzo ya pili ni kutopendelea, na hapa wengi hukosea. Mlalamishi hatakiwi kuthibitisha kwamba afisa alikula hongo. Yatosha kuwe na shaka ya upendeleo ambayo mtu mwenye busara angekuwa nayo. Afisa akienda kukagua shamba lenye mgogoro ndani ya gari la upande mmoja, huenda moyo wake ni safi. Uamuzi wake umekwisha kutiwa doa. Huko Uingereza, 1924, hukumu ilibatilishwa kwa sababu karani aliyeingia faraghani na mahakimu alitoka katika kampuni ya mawakili wa upande mmoja, ijapokuwa hakuulizwa neno.

Katika maeneo ambako umiliki huamuliwa chini ya Sheria ya Uamuzi wa Ardhi, asiyeridhika na uamuzi wa pingamizi lake ana siku 60 za kukata rufaa kwa Waziri. Kwa kawaida rufaa hizo husikizwa kwa niaba yake na maafisa wa utawala, ambao si lazima wawe wamesomea sheria. Sheria yasema uamuzi huo ni wa mwisho. Mahakama, hata hivyo, zimeshikilia kuwa "mwisho" hauzuii kuchunguza namna ulivyofikiwa.

Anayekimbilia mahakamani kabla ya kumaliza ngazi za rufaa zilizopo huweza kufukuzwa mlangoni, isipokuwa awe na sababu za kipekee. Heri aanze kwa barua ya kudai sababu. Afisa akinyamaza, sheria ya 2015 humchukulia kuwa aliamua bila sababu nzuri, mpaka athibitishe vingine. Vilevile malalamiko yaweza kupelekwa bila malipo kwa Tume ya Utekelezaji wa Haki.

Kesi yenyewe ikifika katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi mjini Kajiado, kwa kawaida jaji wa mapitio haamui shamba ni la nani. Hutazama jinsi uamuzi ulivyofanywa, na akiona kasoro huubatilisha na kuweza kuagiza usikizwe upya.