YAJUE MAGUGU MAJI: UA LA BUSTANI LILILOFUNGA ZIWA VICTORIA

Wadau, leo tuache siasa pembeni kidogo tuongelee ua. Ndiyo, ua. Hapa Mkuyuni ukipita mitaani utakuta watu wameweka beseni au ndoo kuukuu mbele ya mlango, ndani maji, na juu yake maua ya zambarau yamesimama utadhani yamepangwa na fundi. Nilipomuuliza jirani mmoja ameyatoa wapi akanijibu, "Si hapo ziwani, yanaelea bure!" Hilo neno "bure" ndilo limenikalisha kwenye kompyuta. Maana ua lenyewe ni gugu maji, na shida yote tuliyoipata nalo ilianza hivyo hivyo, kwa mtu kuliona zuri akalichukua.

Kwanza tulitambue. Majani yake ni ya duara, mazito, yanang'aa kama yamepakwa mafuta. Kikonyo cha jani kimevimba kama kitunguu. Kikate uone: ndani ni sponji iliyojaa hewa, ndiyo maana linaelea. Mizizi inaning'inia majini, myeusi, kama manyoya. Ua lina petali sita za zambarau, na ile ya juu ina doa la njano lililozungukwa na bluu. Kwa kweli ni zuri, tusidanganyane. Wataalamu walilizoea kwa jina la Eichhornia crassipes, siku hizi wanaliita Pontederia crassipes.

Kwao ni Amerika ya Kusini, bonde la mto Amazon. Kule ni mmea wa porini tu kama mingine, una wadudu wake wanaoula tangu enzi na enzi, kwa hiyo hausumbui sana. Karne ya 19 wapenda bustani wa Ulaya na Marekani wakaupenda, wakaupanda kwenye mabwawa ya mapambo. Ua likasafiri dunia nzima, wadudu wake wakabaki Amazon. Hapo ndipo lilipopata uhuru.

Wamarekani wa Louisiana ndio walioonja mapema. Mito yao ilizibwa mpaka mwaka 1910 mbunge wao Robert Broussard akapeleka muswada bungeni kwamba waletewe viboko kutoka Afrika wayale hayo magugu, halafu watu wale nyama ya viboko. Sicheki peke yangu jamani, ni kweli kabisa! Muswada haukupita. Sisi huku tunao viboko wa kuzaliwa nao na magugu yalitushinda vile vile.

Tanzania lilishaonekana miaka ya 1950 kwenye mito Sigi na Pangani, upande wa Tanga. Kwenye ziwa letu lilikuja kwa njia nyingine. Inaaminika Wabelgiji walilileta Rwanda wakati wa ukoloni kama ua la bustani, likaingia kwenye mito, na mto Kagera ukalishusha ziwani. Kagera ndio mto mkubwa kuliko yote inayoingia Ziwa Victoria, kwa hiyo ni kama mtu aliyeachiwa mkanda unaozunguka: mzigo unashuka usiku na mchana. Mwaka 1989 likaonekana Ziwa Victoria, mwaka uliofuata likaripotiwa Kenya. Kufika 1998 lilifunika takriban hekta 20,000 za ziwa. Piga hesabu ya viwanja vya mpira, ni kama 28,000 hivi.

Mtu atauliza, miaka tisa tu? Ndiyo. Gugu hili halihitaji mbegu ili kuzaana. Linatoa kamba pembeni, mwisho wa kamba unachipua mtoto, mtoto naye anatoa kamba yake. Pakiwa na joto na chakula linajizidisha mara mbili ndani ya wiki moja au mbili. Chukua hiyo ya wiki mbili, anza na mche mmoja kwenye beseni: baada ya wiki 20 una miche 1,024. Na bado mbegu zipo. Zikizama kwenye tope zinaweza kukaa hai hata miaka 15 au zaidi, zinasubiri tu. Kwa hiyo ukisikia mwalo fulani "umemaliza magugu", ujue wamemaliza yale ya juu.

Chakula chake sasa, hapa ndipo wengi hatupendi kuguswa. Gugu linakula naitrojeni na fosforasi. Zinatoka wapi? Mbolea za mashambani, udongo unaomomonyoka, maji ya sabuni, na vyoo vyetu. Mvua ikinyesha Mwanza kila mtu anaona mto Mirongo unapeleka nini ziwani. Huku kwetu mitaro nayo inateremka huko huko. Ziwa tunalirutubisha sisi wenyewe halafu tunashangaa bustani imestawi. Mimi naona hiki ndicho kiini cha jambo lote, ila hakina picha nzuri ya kupiga kiongozi ameshika reki, ndiyo maana hakisemwi sana.

Madhara yake kwa mtu wa pwani ya ziwa hayahitaji digrii. Magugu yanashikana yanakuwa kama mkeka mzito, upepo unausukuma huku na huku. Unalala mwalo uko wazi, unaamka umefungwa. Mtumbwi hautoki, nyavu zinanasa mizizi. Mama yangu mdogo anauza dagaa, na wiki ambayo mitumbwi haitoki hana cha kuanika, kwa hiyo hana cha kuuza, na ada za watoto hazijui kama ni magugu au ni upepo. Chini ya mkeka jua halifiki, hewa ya oksijeni inapungua, samaki kama sato wanahama. Wanaobaki ni kamongo na kambare, maana hao wanaweza kuvuta hewa ya juu. Konokono wa kichocho wanapenda kujificha kwenye mizizi, na mbu wanapata maji yaliyotulia. Uganda, mitambo ya umeme ya Owen Falls pale Jinja iliwahi kusumbuliwa sana na mikeka hiyo.

Sasa kilichookoa jahazi. Watu waling'oa kwa mikono, mashine zikaja, wengine wakataka sumu ipigwe. Sumu ilipingwa, na sioni ajabu: Mwanza tunakunywa maji ya ziwa, yanavutwa Capri Point na sasa hata Butimba, halafu minofu ya sangara tunaiuza nje. Kazi kubwa ikafanywa na mdudu mdogo wa milimita 5 hivi, fukusi, ndugu wa wale wanaotoboa mahindi ghalani. Ni wa aina mbili, wote wa jenasi ya Neochetina, na wote kwao ni huko huko Amerika ya Kusini. Kwa maneno mengine, walienda kumwita adui aliyeachwa nyumbani. Katikati ya miaka ya 1990 Tanzania iliwafuga kwenye kituo cha serikali cha Kibaha, kisha wakazalishwa na kuachiwa ziwani. Fukusi mkubwa anakwangua jani, unaona vidoa vidoa. Funza wake anatoboa handaki ndani ya kile kikonyo chenye hewa, maji yanaingia, mmea unaoza na kuzama. Kufika mwaka 2000 sehemu kubwa ya magugu ilikuwa imetoweka.

Wataalamu bado wanabishana kama sifa ni za fukusi au za mvua na mawimbi ya El Niño ya 1997/98. Kwa maoni yangu, fukusi alilidhoofisha na mawimbi yakalimalizia. Fukusi hali mahindi wala mpunga, watu waliwapima kwanza kabla ya kuwaachia, kwa hiyo wanaoeneza kwamba atahamia mashambani wapuuzwe.

Ila halikufa. Linarudi kwa vipindi, hasa baada ya mvua kubwa. Na mwanzoni mwa 2025 vivuko vya Kigongo–Busisi vilisumbuliwa sana na gugu lingine jipya linaloitwa salvinia. Daraja la J.P. Magufuli lililofunguliwa Juni 2025 limeokoa wasafiri wa pale, lakini mtumbwi haupiti darajani. Salvinia halina ua kabisa, ni jamii ya madole. Majani yake ni madogo, yana vinywele juu, na kipande kimoja kikikatika kinaanza maisha upya. Usilichanganye na gugu maji, maana fukusi wetu hawali hilo, lina mdudu wake tofauti.

Haya, wewe mwenye beseni mlangoni. Umoja wa Ulaya ulipiga marufuku kuuza na kufuga mmea huu tangu 2016, na wao wana baridi ya kuupunguza, sisi hatuna. Usimwage kwenye mtaro. Utoe wote na mizizi, uanike juani mbali na maji mpaka ukauke kabisa, ikiwezekana uchome, hasa wenye maua kwa sababu ya mbegu. Maji ya beseni yamwage kwenye udongo mkavu, siyo bombani wala mferejini.

Na kama roho inataka ua la maji, yungiyungi lipo, ni la kwetu na halikimbii. Lenyewe linataka tope chini ya beseni na jua la kutosha. Maji yake uyakague kila wiki usije ukafuga mbu.