Ming'oko

Ming'oko (jina la kisayansi: Dioscorea hirtiflora) ni viazi vikuu vya porini vinavyoliwa kusini mashariki mwa Tanzania, hasa katika mikoa ya Mtwara na Lindi. Havipandwi shambani kama muhogo, huchimbwa vichakani. Kwa Wamakonde, Wamakua na Wayao wa Newala na Masasi ni chakula kinachopendwa, na ni kosa kukihesabu kuwa chakula cha njaa peke yake.

Maelezo ya mmea

Ming'oko imo katika familia Dioscoreaceae, pamoja na viazi vikuu vinavyolimwa. Mtaalamu wa mimea Mwingereza George Bentham aliieleza kisayansi mwaka 1849. Neno hirtiflora ni Kilatini, maana yake ni "yenye maua ya vinyweleo". Spishi hii imeenea kutoka Afrika ya Magharibi hadi Tanzania na Msumbiji.

Shina lake ni jembamba na hupanda kwa kujizungusha kwenye miti mingine. Majani ni sahili, yaani kila kikonyo hubeba jani moja zima, lenye umbo la moyo. Wanafunzi wengi hukosea hapa: wakiona jani pana lenye mishipa kama wavu huuweka mmea katika kundi la maharagwe na mikorosho. Kumbe ming'oko ni jamaa ya mbali ya mahindi na mianzi, mimea ambayo mche wake huanza na jani moja.

Maua ni madogo. Mmea dume na mmea jike ni mbalimbali, kwa hiyo mmea uliobaki peke yake kichakani hauwezi kutoa mbegu. Tunda ni kikasha kikavu chenye mabawa matatu, na mbegu zenyewe zina bawa jembamba linalozisaidia kupeperushwa na upepo.

Sehemu inayoliwa ni viazi vilivyo ardhini, vyembamba na virefu, vinavyoshuka chini kufuata udongo laini. Wakati wa mvua, ambazo huku huanza Novemba au Desemba na kuisha Aprili au Mei, majani hutengeneza wanga na kuupeleka chini. Kiangazi shina hunyauka, na akiba hiyo hubaki ardhini hadi mvua nyingine. Machipukizi ya msimu unaofuata hutoka kwenye kichwa, yaani ncha ya juu ya kiazi iliyoungana na shina. Mchimbaji akikiacha kichwa na kufukia shimo, mmea huweza kuota tena mahali palepale. Akikiondoa, mmea huo umekwisha.

Tofauti na viazi vyenye sumu

Viazi vikuu vya porini si vyote vya kuliwa, na aliyekosea anaweza kufa. Ndiga (Dioscorea dumetorum) hutambulikana kwa jani lililogawanyika vijani vitatu na kwa miiba ya shina. Vile vya porini vina alkaloidi inayodhuru neva, na watu waliovila wakati wa njaa iliwabidi kuvikata vipande vyembamba na kuviloweka siku kadhaa, wakibadilisha maji. Kiazi kingine cha hatari ni Dioscorea sansibarensis, kilichopewa jina kutokana na Zanzibar. Majani yake ni makubwa sana, yana ncha ndefu, na kwenye makwapa yake huota vijiazi vya hewani.

Ming'oko haihitaji kulowekwa. Jambo hili lina uzito wake Newala, mji uliopo kwenye ukingo wa magharibi wa Uwanda wa Makonde. Mchanga wa uwanda huo hunywa mvua yote, mito ya juu ni adimu, na kabla ya maji ya bomba wanawake walishuka mteremko mkali kwenda kuteka maji mabondeni. Chakula kinachohitaji sufuria moja tu ya maji kilikuwa na faida kubwa.

Matumizi

Viazi huoshwa, huchemshwa pamoja na chumvi na kuliwa vikiwa vya moto au vimepoa. Huliwa asubuhi kwa chai, au kama kitafunio cha safarini. Wachimbaji wengi ni wanawake, na fedha za mauzo huingia mikononi mwao moja kwa moja, jambo ambalo mara nyingi si hivyo kwa fedha za korosho.

Hali ya mmea

Ming'oko hustawi kwenye vichaka vizito vinavyoota shamba likipumzishwa. Zamani shamba la uwandani liliachwa miaka mingi kabla ya kulimwa tena. Mikorosho imebadilisha utaratibu huo, kwa kuwa mti hukaa miongo kadhaa na chini yake hufyekwa kila mwaka. Kadiri vichaka vya karibu vinavyopungua, wachimbaji hulazimika kwenda mbali zaidi na kurudia mashimo yaleyale kabla viazi havijakomaa.

Kuipanda karibu na nyumba si wazo geni. Huko Benin, wakulima huchukua viazi vikuu vya porini na kuvilima kwa misimu kadhaa, wakichagua vinavyofaa, hadi vinaingia katika mbegu zao za kawaida. Kwa ming'oko ugumu ni kwamba kiazi ni chembamba na hukaa chini sana, hivyo kazi ya kuchimba ni kubwa kuliko ile ya muhogo, ambao tayari umejaa katika mashamba ya Newala na Masasi.