Molka (kamera za siri)

Molka ni upigaji picha wa siri nchini Korea Kusini. Watu, wengi wao wanawake, hurekodiwa chooni, kwenye vyumba vya kubadilishia nguo au nyumba za wageni, kisha video zao huuzwa na kusambazwa mtandaoni.

Machi 2019 polisi walitangaza kwamba wageni wapatao 1,600 walirekodiwa katika vyumba 42 vya nyumba za wageni kwenye miji 10, na picha zao kurushwa mubashara kwa watazamaji. Kamera zilifichwa hata kwenye soketi za umeme na vishikio vya mashine za kukaushia nywele. Mwaka uliotangulia, maelfu ya wanawake waliandamana Seoul kupinga molka. Wengi walifunika nyuso zao, na walikuwa na kila sababu: wangeweza kupigwa picha hapohapo na kuandamwa mtandaoni.

Kuripoti kuliwatonesha waathirika kidonda. Mara nyingi mwathirika alitakiwa kukusanya ushahidi mwenyewe, yaani kuitazama tena na tena video aliyotamani ifutike. Aprili 2018 serikali ilifungua kituo kinachoisaka video hiyo mtandaoni kwa niaba yake bila malipo na kuzitaka tovuti ziifute. Tangu 2020, hata kuhifadhi au kutazama video hizo ni kosa lenye kifungo cha hadi miaka 3.

Nje ya Korea pia kuna msaada: huduma ya StopNCII, iliyoanzishwa Uingereza mwaka 2021, hutengeneza alama ya kipekee ya picha ndani ya simu ya mwathirika. Alama hiyo pekee ndiyo hupelekwa kwa mitandao shiriki ili iizuie picha hiyo. Picha yenyewe hubaki kwake.